SOMO LA SHERIA NA UTAWALA: MWANANCHI ANAPONYIMWA KIBALI CHA UJENZI

Katika ukurasa huu tumezoea kukuletea matangazo ya Serikali pamoja na maelezo ya sheria zinazogusa maisha ya kila siku. Somo la leo linawahusu wale walioomba kibali cha kujenga, wakakataliwa, na wakaondoka ofisini bila ya kujua wafanye nini. Limeandikwa kwa pande zote mbili: kwa mwananchi anayeipokea barua ya kukataliwa, na kwa mtumishi wa umma anayeitia saini. Si haba kwamba wa pili naye huwa hajui sheria inamtaka nini.

Mwandishi wa maelezo haya, alipokuwa karani kijana katika ofisi moja ambayo hapana haja ya kuitaja, alipewa kazi ya kupiga chapa barua za aina hiyo. Zote zilikuwa za sentensi moja: "Ombi lako limefikiriwa na limekataliwa." Alikuwapo mzee mmoja aliyekuja kila Jumatatu, amebeba karatasi zake katika mfuko wa kitambaa, akakaa kwenye benchi na kusema neno lile lile: "Nambieni nimekosa nini, wanangu, nami nirekebishe." Hakuna aliyemwambia, kwa kuwa faili lilikuwa kwa mkubwa, na mkubwa hakuulizwa. Faili lilipofunguliwa hatimaye, masika mawili yalikuwa yamekwisha kupita. Sababu iliyoandikwa ndani yake ilikuwa kwamba pembe ya msingi wa nyumba ingelikalia bomba kubwa la maji. Kuisogeza nyumba hatua nne, ndani ya kiwanja chake mwenyewe, kungelitosha. Lakini wakati huo chokaa aliyoinunua ilikuwa imekwisha kuharibiwa na mvua, na mabati alikuwa ameyauza.

Jambo hilo halikuwa la rushwa wala la chuki. Sababu ya kumkatalia ilikuwa sahihi kabisa. Kosa lilikuwa katika namna ya kukataa, na baadhi ya kesi zinazofika mahakamani kuhusu vibali vya ujenzi hutokana na kosa hilo.

KIBALI NI CHA NINI

Kabla ya kuzungumzia haki ya kulalamika, ni vyema ikaeleweka kwamba uwezo wa kukataa ni uwezo halali na wenye manufaa. Mwezi wa Machi 2013 jengo la ghorofa lililokuwa likijengwa katikati ya mji wa Dar es Salaam liliporomoka na kuua watu 36. Hapa kwetu, tarehe 25 Desemba 2020, sehemu ya Beit al Ajaib ilianguka wakati kazi ya ukarabati ikiendelea, na watu wawili walipoteza maisha. Nyumba za Mji Mkongwe zimejengwa kwa mawe ya matumbawe, chokaa na boriti za mikoko, na nyingi zinaegemeana. Anayepiga plasta ya saruji juu ya ukuta wa chokaa huufungia unyevu ndani, na ukuta unaooza unaweza kuwa si wake peke yake bali ni wa jirani pia. Anayeongeza ghorofa humzidishia mzigo mtu ambaye hakumuuliza. Kwa sababu hizo iliundwa Mamlaka ya kuhifadhi na kuendeleza Mji Mkongwe mwaka 1985, na kwa sababu hizo mji wenyewe ukaingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2000.

Wala fikra hii haikuja na wageni wa Kizungu. Mafakihi wa Kiislamu walikwisha kuandika kwa urefu juu ya dirisha linalochungulia ua wa jirani, mfereji unaomwaga maji ukutani kwake, na jengo linaloziba njia. Huko Tunis, katika karne ya 14, fundi mkuu wa ujenzi aitwaye Ibn al-Rami alitunga kitabu kizima cha hukumu za majengo, kwa kuwa kadhi alikuwa akimtuma kwenda kutazama kabla ya kuhukumu. Msomaji aliweke akilini jambo hilo la kutumwa kutazama kabla ya kuhukumu, kwani tutalirudia.

MAHAKAMA HUULIZA NINI

Wengi hudhani kwamba ukienda mahakamani jaji atafungua ramani yako, ataipima, kisha atasema nyumba ijengwe au isijengwe. Sivyo. Kazi ya kupima ramani sheria imewapa wataalamu wa mipango na wahandisi, si majaji. Katika shauri la mapitio ya uamuzi, jaji haulizi kama uamuzi ulikuwa mzuri, bali anauliza kama ulifanywa kwa mujibu wa sheria. Mwaka 1984 Lord Diplock wa Uingereza alizikusanya sababu za kuutengua uamuzi wa Serikali katika mafungu matatu, na mpangilio wake bado unafuatwa katika nchi nyingi zilizorithi mfumo huo, zikiwemo za Afrika ya Mashariki. Fungu la kwanza ni kukosa uwezo wa kisheria, au kuutumia uwezo huo kwa jambo ambalo haukukusudiwa. La pili ni uamuzi usioingia akilini hata kidogo. La tatu ni kuuvunja utaratibu wa haki.

Maamuzi ya mahakama za ng'ambo hayazifungi mahakama zetu, lakini majaji wetu huyasoma na mara nyingi huyafuata. Tutatazama mashauri matatu ya kweli, ambayo kila mtumishi anayeshughulikia vibali angefaa kuyajua kama anavyojua njia ya kwenda ofisini.

NYUMBA YA WANDSWORTH

La kwanza ni la mwaka 1863, na hutajwa hadi leo. Katika mji wa London sheria ya mwaka 1855 ilimtaka kila anayejenga nyumba mpya aipelekee bodi ya mtaa wake taarifa siku 7 kabla ya kuanza. Asipofanya hivyo, bodi iliruhusiwa kuibomoa nyumba. Fundi mmoja aitwaye Cooper alianza kujenga katika eneo la Wandsworth. Yeye alisema kuwa taarifa aliipeleka, ijapokuwa alikiri kwamba hakungoja siku zote 7. Bodi ikasema kuwa haikupokea chochote. Nyumba ilipofika ghorofa ya pili, bodi iliwatuma watu wake jioni, wakaibomoa hadi chini. Hakuitwa, hakuulizwa, wala hakuandikiwa.

Cooper akaishtaki bodi. Utetezi wa bodi ulikuwa mwepisi: sheria inasema tunaweza kubomoa, na haisemi popote kwamba tumsikilize mtu kwanza. Majaji waliukataa utetezi huo. Walisema kwamba mtu asinyang'anywe mali yake kabla ya kupewa nafasi ya kusikilizwa, na kwamba pale sheria iliponyamaza, haki yenyewe hulijaza pengo. Jaji mkuu Erle alieleza kuwa bodi isingepata hasara yoyote kwa kumwita, na kwamba huenda angekuwa na maelezo: barua kupotea njiani, au tofauti ya siku mbili tatu isiyomdhuru mtu. Jaji Byles naye alikumbusha maneno ya jaji mmoja wa karne ya 18 kwamba hata Adam hakuhukumiwa kabla ya kuulizwa.

Msomaji aliyepita chuoni hatakuta ugeni katika maneno hayo. Imepokewa kwamba Mtume Muhammad (S.A.W.), alipomtuma Ali bin Abi Talib kwenda Yemen kuwa kadhi, alimuusia asimhukumie wa kwanza mpaka awe amemsikiliza wa pili kama alivyomsikiliza wa kwanza. Katiba ya Jamhuri ya Muungano, ibara ya 13(6)(a), nayo inatamka kwamba haki na wajibu wa mtu unapoamuliwa na mahakama au chombo kinginecho, mtu huyo ana haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu, na pia haki ya kukata rufaa au kupata nafuu nyingine ya kisheria. Maneno "chombo kinginecho" yana uzito. Hayakuishia kwa majaji. Kamati ya vibali nayo ni chombo.

Kusikilizwa hakuna maana ya kikao kikubwa chenye mawakili. Mara nyingi hutosha kumwandikia mwombaji kuwa ofisi ina wasiwasi na jambo fulani katika ramani yake, akapewa siku kadhaa za kujibu, na majibu yake yakasomwa na mwenye kuamua. Kusomwa, tumesema, si kubandikwa tu katika faili.

MADOBI WA SAN FRANCISCO

Shauri la pili halikuwa la kibali cha kujenga, bali cha kutumia jengo, lakini kanuni ni ile ile. Mwaka 1880 mji wa San Francisco, Marekani, uliweka sheria ndogo kwamba mtu yeyote asiendeshe dobi katika jengo la mbao bila ya ruhusa ya baraza la mji. Sababu iliyotolewa ilikuwa hatari ya moto, na nani atabisha kuwa mbao haziungui? Madobi katika mji huo yalikuwa kiasi cha 320, na 310 kati yake yalikuwa ya mbao. Kiasi cha 240 yalikuwa ya Wachina. Wachina wapatao 200 waliomba ruhusa, na wote wakakataliwa. Wasiokuwa Wachina wapatao 80 nao waliomba, na wote wakakubaliwa isipokuwa mmoja.

Mwaka 1886 Mahakama Kuu Kabisa ya Marekani iliamua kwamba sheria inaweza kuwa safi katika maandishi yake, lakini ikawa dhuluma katika mkono wa anayeitekeleza. Waliokuwa wamefungwa kwa kuendesha madobi bila ya kibali wakaachiwa.

Hapa mwananchi apate faida moja na tahadhari moja. Faida ni kwamba ubaguzi huonekana kwa kulinganisha. Anayesema tu kuwa amekataliwa kwa sababu ya kabila, kisiwa anachotoka au chama chake hana kitu mkononi, lakini anayeonesha maombi kumi yanayofanana na lake yaliyokubaliwa katika mtaa ule ule ana jambo la kujibiwa. Tahadhari ni kwamba jirani aliyepewa kibali kimakosa hakupi wewe haki ya kupewa kosa kama lile. Hoja ya "mbona fulani amejenga mpaka barabarani" husikika sana katika baraza za kahawa, na mahakamani huanguka mara nyingi.

DARUBINI YA JODRELL BANK

Shauri la tatu ndilo linalotufaa zaidi sisi watu wa visiwa, kwa kuwa linahusu mahali palipo na kitu cha thamani kinachotakiwa kulindwa, na watu wa kawaida wanaotaka kujenga karibu yake.

Katika jimbo la Cheshire, Uingereza, Chuo Kikuu cha Manchester kina darubini kubwa ya mawimbi ya redio iliyokamilika mwaka 1957, sahani yake ikiwa na upana wa mita 76. Chombo hicho husikiliza ishara dhaifu mno kutoka mbinguni, na injini za magari na vifaa vya umeme vya majumbani huweza kukivuruga. Chuo hakikutaka nyumba ziongezeke karibu. Kwa hiyo mabaraza ya eneo hilo yaliandikiana mkataba na Chuo, kwamba yatazuia ujenzi katika maeneo fulani yanayoizunguka darubini.

Akaja mjenzi aitwaye Stringer akiomba kujenga nyumba, na baraza likamkatalia. Akakata rufaa kwa Waziri anayehusika na nyumba na serikali za mitaa, kama sheria ya huko inavyoelekeza, na Waziri naye akaikataa rufaa. Ndipo akaenda mahakamani, na Jaji Cooke akatoa hukumu mwaka 1970.

Hukumu hiyo ina sehemu mbili, na mtu akisoma moja tu atapotea. Katika sehemu ya kwanza Stringer alishinda. Jaji alisema kuwa mkataba baina ya mabaraza na Chuo ulikuwa batili. Sheria ililitaka baraza lizingatie kila jambo linalohusika katika kila ombi, na baraza haliwezi kujifunga mikono mapema kwa ahadi kwa mtu wa tatu kwamba litakataa. Baraza lililoamua kabla ya kusoma halikuamua chochote, na uamuzi wake ukahesabiwa si uamuzi.

Katika sehemu ya pili Stringer alishindwa. Waziri yeye hakuwa amejifunga. Alikuwa na sera ya jumla ya kuilinda darubini, lakini aliupitia upya ushahidi wote, akapima pande zote mbili, na akaridhika kwamba nyumba zile zingeidhuru kazi ya darubini. Kuidhuru darubini lilikuwa jambo halali la kuzingatiwa katika kuamua. Kwa hiyo uamuzi wa Waziri ukasimama, na nyumba hazikuruhusiwa. Darubini ingalipo, na mwaka 2019 Jodrell Bank ikaingizwa katika orodha ile ile ya Urithi wa Dunia ambamo Mji Mkongwe umo.

Afisa asiseme, basi, "sisi hapa hatutoi kibali cha ghorofa ya tatu, imekwisha." Sera anaweza kuwa nayo, tena ni vizuri awe nayo na aitangaze, ili watu wasipoteze fedha za kuchoresha ramani bure. Lakini lazima mlango wa sikio uwe wazi kwa mwenye hali ya pekee: mwenye mgonjwa asiyeweza kupanda ngazi, mwenye ripoti ya mhandisi, mwenye nyumba ambayo zamani ilikuwa na ghorofa hiyo na picha zake zipo. Akisikilizwa kwa dhati kisha akakataliwa, mahakama kwa kawaida haitaingilia.

BARUA YA KUKATAA

Turejee kwa yule mzee wa Jumatatu. Barua aliyoipokea isingeweza kumsaidia kurekebisha wala kukata rufaa, kwani mtu hawezi kuipinga sababu asiyoijua. Huko Kenya jambo hili limewekewa sheria. Sheria ya mwaka 2015 inayohusu haki katika maamuzi ya utawala, iliyotungwa kutekeleza ibara ya 47 ya Katiba yao ya 2010, inampa aliyeathirika haki ya kuomba sababu kwa maandishi. Ofisi isipozitoa, hudhaniwa kwamba uamuzi haukuwa na sababu nzuri, mpaka ofisi ithibitishe kinyume chake. Mtumishi aliyezoea kunyamaza atapata tabu kubwa chini ya sheria kama hiyo.

Barua yenye kufaa si lazima iwe ndefu. Mathalani: "Ombi lako la kuongeza ghorofa moja limekataliwa kwa sababu ukuta wa upande wa mashariki, ambao ni wa mawe na chokaa, una nyufa, na hukuambatanisha ripoti ya mhandisi kuonesha kama unaweza kubeba mzigo huo. Ukileta ripoti hiyo, ombi litafikiriwa upya. Usiporidhika, unayo haki ya kukata rufaa," kisha utajwe mwenye kuipokea rufaa, idadi ya siku, na kifungu cha sheria. Karani huipiga kwa muda wa dakika kumi. Aliyeipokea ataleta ripoti, au ataacha. Kwa hali yoyote hatakuja kila Jumatatu.

Kuna ubaya mwingine ambao ni mkubwa kuliko barua fupi, nao ni kutoandika kabisa. Ombi hukaa miezi, mwombaji huambiwa "njoo kesho," na hakuna uamuzi wa kuulalamikia. Mahakama inayo dawa yake, nayo ni amri ya kumshurutisha mwenye mamlaka atekeleze wajibu wake. Lakini amri hiyo humlazimisha kuamua tu, si kukubali. Ofisi inaweza kuamriwa ijibu ndani ya muda fulani, ikajibu kwa kukataa, na hapo safari ya rufaa ndipo inapoanza.

NJIA YA KUFUATA

Kanuni ya kwanza ni kuzimaliza njia za ndani kabla ya kukimbilia kwa jaji. Mahakama ya Rufani ya Kenya ililitilia mkazo jambo hili mwaka 1992, katika shauri la Spika wa Bunge dhidi ya Njenga Karume, iliposema kwamba pale Katiba au sheria ilipoweka utaratibu maalumu wa kutatua lalamiko, utaratibu huo ufuatwe. Kwa vibali vya ujenzi, sheria ya Kenya ya mwaka 2019 kuhusu mipango ya ardhi inampeleka aliyekataliwa kwenye kamati ya kaunti ya kusikiliza rufaa za mipango, ndani ya siku 14 tangu uamuzi, na kamati nayo imepewa siku 14 za kuamua. Asiyeridhika huenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Kwa mujibu wa sheria hiyo mkaazi wa Lamu, mji wa kale kama wetu, asiende mahakamani moja kwa moja akairuka kamati.

Siku hizo ni chache, na hazisubiri. Uingereza humpa mwombaji wa kawaida miezi 6 ya kukata rufaa, na mwenye kuongeza chumba nyumbani kwake wiki 12, lakini akitaka kuupinga uamuzi wa rufaa hiyo mahakamani ana wiki 6 tu. Katika Tanzania Bara, kanuni za mwaka 2014 zinamtaka anayeomba mapitio ya kimahakama aombe kwanza ruhusa ya Mahakama Kuu ndani ya miezi 6 tangu uamuzi anaoulalamikia. Wanaopoteza haki kwa kuchelewa ni wengi, na sababu yao mara nyingi ni kuwa walikuwa wakimtafuta mtu wa kuwasemea kwa mkubwa.

Kwa hapa Visiwani, mwombaji atazame kwanza ni chombo gani kilichomkatalia. Nyumba iliyomo ndani ya mipaka ya Mji Mkongwe ina sheria yake na Mamlaka yake, na nyumba ya nje ya mipaka hiyo inahusika na sheria na vyombo vingine. Barua ikitaja kifungu, akisome kifungu hicho kizima, au amwombe anayejua amsomee, kwani ndimo ilimo njia ya rufaa. Ikiwa haikutaja, aandike kuomba kitajwe, na abaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Asichanganye kukataliwa kibali na mgogoro wa nani mwenye kiwanja. Huo wa pili kwa kawaida huanzia Mahakama ya Ardhi, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 1994, na kibali cha ujenzi hakimpi mtu umiliki wala hakimvui.

Ushahidi katika mashauri haya hutolewa zaidi kwa hati ya kiapo na vielelezo kuliko kwa maneno ya mdomo. Kwa hiyo risiti ya ada, nakala ya ramani yenye tarehe ya kupokelewa, barua zote na picha za kiwanja ndizo zitakazosema. Mtu aliyetoa ramani yake pekee dirishani bila ya kubaki na nakala amejifunga mwenyewe. Na watumishi nao wajue kwamba faili lao litaletwa mbele ya jaji kama lilivyo, pamoja na yale maandishi ya pembeni ya kalamu nyekundu. Neno lililoandikwa kwa mzaha pembezoni mwa karatasi husomwa kwa sauti kubwa na wakili wa upande wa pili.

Akishinda, mwombaji hupata nini? Kwa kawaida uamuzi hufutwa na ombi hurejeshwa ofisini likaamuliwe upya kwa njia ya haki. Si kibali. Ofisi inaweza kukataa tena, safari hii kwa sababu zilizo wazi na baada ya kumsikiliza. Fidia ya fedha ni adimu. Cooper aliipata kwa kuwa nyumba yake ilikwisha kubomolewa, na kubomoa mali ya mtu bila ya mamlaka ya sheria ni kosa la madai lenye kulipwa. Mwenye kufikiri kufungua shauri apime, basi, gharama ya wakili na miezi ya kungoja dhidi ya gharama ya kuchora upya ramani. Mara nyingine ramani mpya ni rahisi zaidi, na hakuna aibu ndani yake.

Jambo la mwisho ni la hatari. Kukata rufaa hakumruhusu mtu kujenga. Wako wanaodhani kwamba maadamu kesi iko mahakamani basi fundi aendelee, nao hukuta wamelipandisha jengo ambalo halina kibali na ambalo hata ushindi wa mahakamani hauwezi kulihalalisha siku hiyo. Kinyume chake pia ni kweli: ofisi isibomoe kwa haraka ili kuiwahi mahakama. Ukikuta alama ya X ya rangi nyekundu imechorwa ukutani mwako, au notisi imebandikwa mlangoni, ipige picha siku hiyo hiyo, andika tarehe, tazama imetaja sheria gani na imekupa siku ngapi. Peleka jibu lako kwa maandishi kabla siku hizo hazijesha, na nakala mpe Sheha. Ikiwa hukusikilizwa, zuio la muda huombwa mahakamani kabla tingatinga halijafika, kwa hati ya kiapo, pamoja na picha hizo na ile nakala yenye muhuri.